Kuotea

Aliposhuka stendi ya Nane Nane na begi moja na mguu mmoja mzima,
tulitazamia mtu wa kupiga chenga hata anapovuka barabara.
Mbrazili, bwana! Watoto wa Kizota walimfuata hadi getini
wakingoja amwage ufundi.
Akaomba maji. Akakaa juu ya ndoo yangu ya jezi,
akakunja suruali, akalikanda goti
kama anayebembeleza mtoto asiye wake.

Jina lake Valdomiro. Sisi tukamwita Mwalimu Vado,
na wachezaji, asipokuwepo, Pole-Pole.

Nafua jezi za timu hii mwaka wa kumi na mmoja.
Mshambuliaji namjua kwa doa lake:
mvivu huchafuka makalioni,
mwenye njaa magotini,
na mwoga hunirudishia jezi ikinukia sabuni yangu mwenyewe.
Siku moja nikamuuliza, nikiwa napigana na kola:
Ya kwako, Mwalimu, ilikuwaje?
Akafikiri kwa Kireno,
akajibu kwa Kiswahili chake cha miezi minne:
"Mimi, mama, kila usiku naotea."

Tukacheka. Ndahani, kipa wetu, akamsahihisha:
usiku mtu anaota, Mwalimu.
Kuotea ni pale umewapita mabeki kabla ya pasi
na kibendera kimesimama.
Akanyamaza kidogo.
"Ndiyo," akasema. "Naotea."

Ikatoka, hadithi, kama maji ya bomba la Makole saa tisa usiku:
kwanza hewa, kisha kutu, kisha yenyewe.
Magoli mia moja tisini na nne, ligi za chini,
mji wa machinjio, harufu ya damu hadi kwenye kona
(kama hapa kwetu, akasema Ndahani).
Na lile moja, dakika ya themanini na nane,
kisigino, mpira katikati ya miguu ya kipa,
uwanja mzima umeshainuka.
Kibendera.
Kwapa la mshika kibendera lilikuwa na jasho lenye umbo la ini.
Hilo analikumbuka.
Yale mia moja tisini na nne aliyaandika daftarini,
maana yangemtoka.

Basi hakufundisha kufunga. Alifundisha nusu hatua.
Asubuhi alichora mstari kwa kisigino,
upepo wa Julai ukaufuta,
akachora,
ukafuta,
hadi Masima, mtoto wa Mpwapwa mwenye haraka zake,
akauliza: Sasa Mwalimu, mstari uko wapi?
Akamshika kidevu, akamgeuzia uso kwa beki.

Alipanga chumba Hombolo, kando ya shamba la zabibu.
Walipokata matawi yote, vikabaki visiki kama vidole vya mkoma,
alikasirika, hakula.
Nani kafanya hivi?
Subiri, wakamwambia.
Wiki ya tatu alikuja mazoezini akichechemea mbio,
kashika kijani kidogo kwenye kiganja:
"Mama! Hii nayo inaota!"
Ndiyo, Mwalimu. Inaota.
Neno ni hilo hilo?
Hilo hilo.
Akacheka. Nilikuwa sijawahi kuyaona meno yake ya nyuma.

Jumapili, na Kongwa, tuko nyuma moja bila.
Dakika za mwisho Masima akachomoka, akamlaza kipa, akaweka.
Mimi nilishatupa beseni juu.
Kibendera.
Benchi zima likamwendea mshika kibendera na matusi ya Kigogo
ambayo hapa siyaandiki.
Mwalimu hakumtazama refa.
Akasubiri filimbi ya mwisho, akaingia uwanjani na mguu wake,
akafungua daftari, akampa Masima kalamu.
"Andika."
Lakini limekataliwa, Mwalimu.
"Andika. Kabla hujaanza kuliota."

Jioni jezi ya Masima ililetwa imechafuka kifuani,
doa ambalo mimi sina jina lake.
Nililoweka zote, ile nikaiacha.
Maji yenyewe yalikuwa nusu ndoo.